Namna ya kumfuatilia manamba wa NFL ukiwa hapa hapa Tanga

Wadau, pale kijiweni Makorora nimeulizwa mara nyingi sana kwanini nakesha na mpira wa Kimarekani, ile ligi yao ya NFL, halafu mtu akiniuliza timu yangu ipi namwambia sina. Kweli sina. Nina mtu. Leo naeleza namna ya kufanya hivyo toka mwanzo, kwasababu naamini kabisa ukiingia kwenye ule mchezo kwa mlango huu utauelewa mapema, na utamuheshimu mchezaji kwa mambo ambayo hutoyaona kwenye vile vipande vya YouTube.

Ila nianze na babu. Babu mzaa baba alikuja Tanga akitokea Songea, kukata mkonge. Manamba. Siku hizi watu wanalitamka hilo neno kama tusi lakini lilitokana na namba tu, mtu anaandikishwa huko kwao, anapewa namba, analetwa shambani kwa mkataba, na akifika anapewa kipande, ile kadi yenye vyumba thelathini, kila siku akimaliza kazi yake anatiliwa alama, asipomaliza hamna alama, na hesabu yake ni mpaka vyumba vijae. Bibi alikitunza kipande kimoja cha babu kwenye kopo la biskuti. Karatasi imelainika kama kitambaa, kingo zimeliwa, lakini alama za penseli bado zinaonekana, sehemu moja kuna alama nne mfululizo halafu pengo la siku tisa, halafu zinaanza tena. Zile siku tisa hakuna alieweza kunieleza kulikuwa na nini. Homa, safari, ugomvi, sijui. Mie tangu mtoto nikikishika kile kipande jicho linaenda kwenye pengo.

Sasa mchezaji wa NFL anaezunguka timu ni manamba hivyo hivyo, namba mgongoni na mkataba mfukoni, na kazi yetu sie tunaomfuatilia ni kumtunzia kipande chake.

Cha kwanza kabisa ni kuchagua mtu, na hapa wengi wanaharibu. Usichague staa. Patrick Mahomes, yule wa Kansas City Chiefs, hahitaji daftari lako, anajulikana atakuwa wapi mwakani. Na usianze na hadithi kama ya Kurt Warner ambae alikuwa anapanga bidhaa kwenye rafu za supamaketi kule Iowa halafu akaja kuwa bingwa na Rams, ni hadithi ya kweli na nzuri ila itakufanya usubiri muujiza kila wiki, na kwa wengi muujiza hauji. Chagua mtu aliechukuliwa raundi za chini kwenye drafti, ule mgao wa kila mwaka ambao timu zinachagua vijana wa vyuo, ya tano, ya sita, ya saba, au ambae hakuchukuliwa kabisa. Nafasi zenye manamba wengi ni kwotabeki wa akiba (kwotabeki ndie anaerusha mpira na kuongoza mashambulizi), mpiga mateke, na wale mabeki wanaotumwa kukimbiza mpira wa teke kama wamefukuzwa na nyuki. Kama unataka damu ya karibu, rudi nyuma umsome Daniel Adongo, Mkenya wa raga aliesajiliwa na Indianapolis Colts mwaka 2013, Mkenya wa kwanza kucheza ligi ile, na hata yeye mechi zake alizipata kwa hiyo hiyo kazi ya kukimbiza mateke.

Mie niliemfundishia macho ni Josh Johnson, kwotabeki, mzaliwa wa Oakland, kasoma chuo kidogo cha University of San Diego, akachukuliwa na Tampa Bay Buccaneers raundi ya tano mwaka 2008. Amepita timu 14 tofauti za NFL, hakuna mwingine aliefika hapo. Mwaka 2015 peke yake yumo Bengals, Jets, Colts, Bills. Katikati humo kaingia na ligi za pembeni ambazo nyingine zilikufa akiwa bado anazidai ndoto, UFL, AAF, XFL. Sie Tanga tuna ule usemi wetu wa waja leo waondoka leo, basi huyu bwana kauishi miaka kumi na kitu na begi lake.

Ukishapata mtu wako nunua daftari. Sio simu, daftari, kubwa lile la kaunta, kwasababu habari za hawa watu kwenye mitandao zinapita na kufukiwa siku hiyo hiyo, mtu anasajiliwa Jumanne anaachwa Jumamosi na hakuna anaekumbuka. Piga mistari minne: tarehe, timu, yuko wapi ndani ya timu, na mechi imehesabika au haijahesabika. Huo mstari wa tatu ndio wenye kazi kwahiyo ngoja nikae nao kidogo.

Timu ziko 32. Kambi ya kiangazi kila timu ina watu 90, msimu ukianza wanabaki 53. Piga hesabu mwenyewe, watu 2,880 wanakuwa 1,696, yani zaidi ya elfu moja na mia moja wanatoka kwenye rosta, ile orodha ya wachezaji wa timu, kwa mkupuo, na miaka hii ya karibuni wanatolewa siku moja, Jumanne ya mwisho mwisho wa Agosti. Mwisho wa kupeleka majina ni saa kumi jioni ya kwao ya pwani ya mashariki, kwetu hapa saa tano usiku. Chini ya hao 53 kuna skwadi ya mazoezi, watu 16, na timu inaweza kuongeza mmoja alietoka nje ya Marekani kupitia mpango wao wa wachezaji wa kimataifa. Mtu wa skwadi anafanya mazoezi yote, anakaa vikao vyote, anajifanya mchezaji wa timu pinzani ili wenzake wamzoee, Jumapili anakaa pembeni. Mwaka 2024 kima cha chini cha skwadi kilikuwa dola 12,500 kwa wiki, wakati mchezaji mgeni kabisa kwenye rosta alikuwa dola 795,000 kwa msimu, gawanya kwa wiki 18 unapata dola elfu arobaini na nne na kitu. Kwahiyo mtu yule yule, kabati lile lile, tofauti ni zaidi ya mara tatu kwa wiki. Ndio maana ukiandika tu kwenye daftari yuko timu fulani hujaandika kitu, andika yuko 53 au yuko skwadi.

Halafu kuna kupandishwa. Kila mechi timu inaruhusiwa kupandisha watu wawili wa skwadi wacheze siku hiyo na warudi chini kesho yake, ila kwa kawaida mtu mmoja hawezi kupandishwa hivyo zaidi ya mara tatu kwa msimu, wakimtaka mara ya nne wamsajili kwenye 53. Hapa ndipo utamu ulipo jamani. Mtu wako akishapandishwa mara ya tatu, ile wiki inayofuata usilale, kwasababu timu inalazimika kusema ukweli kama inamuhitaji au hapana.

Neno lingine ni weva. Mtu akiachwa na hajafikisha misimu minne ya hesabu ya pensheni, ambayo nitaieleza chini, haendi anakotaka, jina lake linawekwa mezani na timu zote zinaruhusiwa kumdai, zikimdai mbili anapewa ile yenye nafasi ya mbele kwenye foleni, na foleni inaanza na waliofanya vibaya. Yeye hana kauli. Anaamka Cleveland anaambiwa ripoti Jacksonville. Akipita bila kudaiwa ndio anakuwa huru kusaini popote, na wengi hapo ndio wanarudi kwenye skwadi ya timu ile ile iliyowaacha jana. Alietimiza misimu minne akiachwa anakuwa huru papo hapo, mpaka tarehe ya mwisho ya kubadilishana wachezaji ipite, baada ya hapo na yeye anapitia weva kama mtoto. Kesho yake baada ya mchujo wa Agosti, yani Jumatano, ukitaka kujua nani kadaiwa, fungua simu kuanzia saa moja usiku ya kwetu.

Ntakupa na siri moja iliyonisumbua miaka miwili kabla sijaielewa. Utaona mkongwe anaachwa Jumanne ya mchujo, unasikitika, unamfungia daftari, Alhamisi anarudi timu ile ile. Hawajabadilisha mawazo. Timu ilikuwa na majeruhi inaotaka kuwaweka kwenye orodha ya majeruhi wa muda mrefu na bado warudi msimu huo huo, lakini sheria inataka waingie kwanza kwenye 53, isipokuwa wawili tu kuanzia 2024, kwahiyo wanamwomba mkongwe atoke siku moja mbili kwa ahadi ya mdomo, kwa kuwa yeye hapitii weva hawezi kuibiwa. Na mwingine anaachwa kabisa halafu anaitwa baada ya wiki ya kwanza ya msimu, hiyo nayo ina sababu yake, mkongwe akiwepo kwenye rosta wiki ya kwanza mshahara wake wa msimu unakuwa na ulinzi hata akiachwa baadae, timu inakwepa hilo. Ukiyajua haya huwezi kuliona pengo la siku kumi mwanzoni mwa Septemba ukadhani mtu kaumwa.

Sasa kipande chenyewe. Namba tatu za kushika, na uziandike kwa wino mwekundu juu ya kila ukurasa: tatu, sita, nne. Mechi tatu akiwa kwenye malipo kamili, msimu wake unaingia kwenye hesabu ya pensheni, na akipata misimu mitatu ya namna hiyo pensheni ni yake, hakuna wa kumnyang'anya. Mechi sita kwa malipo kamili, anapata msimu wa kuhesabika kwa ajili ya uhuru wake. Misimu minne ya hivyo, mkataba ukiisha anaweza kwenda anakotaka. Wiki za skwadi haziingii kwenye hizo sita. Kwahiyo mtu wako akiwa na mechi tano mwezi Disemba na timu yake imeshatolewa kwenye mbio za ubingwa, wewe peke yako Tanga nzima, labda Afrika nzima, unaangalia mechi ambayo wenyewe Marekani wamezima televisheni, na unajua kwanini ile mechi ni kubwa. Mie nimeshatetemeka kwa mechi ya timu mbili mbovu kwasababu ya alama moja ya penseli.

Nadhani inanigusa kwasababu niliwahi kusimama geti la ghala moja hapa mjini miezi kadhaa, kibarua cha siku, kila asubuhi jamaa anatoka na karatasi anasoma majina, ukitajwa unaingia, usipotajwa unachukua baiskeli yako unarudi. Hakuna anaekwambia umekosea nini. Hesabu tu imejaa. Nikisoma kwamba Jumanne kule ni siku ya mapumziko ya wachezaji na ndio siku ambayo timu zinaita watu wa nje kuja kujaribiwa, wapiga mateke watano wanasimama uwanja mmoja kugombea nafasi moja, naliona lile geti.

Kuhusu saa, kuna kitu kitakuchanganya mwezi wa kumi na moja. Wao wanarudisha saa nyuma mwanzoni mwa Novemba, sie hatugusi saa zetu. Kwahiyo mechi za mchana za Jumapili ambazo Septemba na Oktoba zinaanza saa mbili usiku kwetu, zikivuka hapo zinaanza saa tatu usiku. Zile za usiku wao mwanzoni mwa msimu ni saa tisa na dakika ishirini, baadae ni saa kumi na dakika ishirini, unaisikia adhana ya alfajiri wakiwa bado robo ya kwanza. Ushauri wangu, za usiku ule usikeshe labda mtu wako ameandikwa anacheza. Orodha ya wasiocheza inatolewa dakika tisini kabla ya mechi. Weka alamu, amka, soma jina, kama hayupo zima data ulale, bando lenyewe unalijua bei yake.

Na mechi ikianza usifuate mpira. Hili ni gumu kwasababu kamera inafuata mpira, ila manamba mara nyingi hayupo kwenye mpira. Mtafute kwenye mateke, mwanzo wa kipindi na kila baada ya bao, ile mistari ya watu wanaokimbia. Andika alifika wa ngapi. Angalia kama anabaki njia yake au anavutwa katikati. Kama ni kwotabeki wa akiba mtafute pembeni mwa uwanja, ameshika nini, anaongea na nani wakati mwenzake anatoka uwanjani. Yule anaemfuata mwenzake mara moja na kuanza kumuonyesha picha kwenye tablet, huyo kocha atamtaka tena mwakani.

Hapo kwenye kocha ndio nataka ukae sana, maana hii ndio kamba inayoonyesha manamba anaenda wapi kabla hajaenda. Ukurasa wa mwisho wa daftari andika makocha tu. Mchukue tena Josh Johnson. Chuoni San Diego kocha wake alikuwa Jim Harbaugh. Drafti ya 2008 aliemchukua Tampa Bay ni Jon Gruden. Sasa angalia. Jim Harbaugh akapata kazi 49ers, na Johnson akatua kambi ya 49ers 2012 na tena 2014. Kaka yake, John Harbaugh, miaka hiyo alikuwa Ravens, na Johnson kapita Ravens 2016, akarudi 2021, akarudi tena 2023. Upande wa pili, Jay Gruden mdogo wake Jon alikuwa anaongoza mashambulizi Bengals mwaka 2013, Johnson akawepo Bengals 2013. Mwaka 2018 Jon Gruden akarudi kazini Raiders, Johnson akatua Raiders. Mwaka huo huo Jay ni kocha mkuu Washington, makwotabeki wake wawili, Alex Smith na Colt McCoy, wakavunjika miguu wote ndani ya wiki chache, akabaki wa tatu tu, Mark Sanchez, na simu ikaita kwa nani? Familia mbili tu, za ndugu wawili wawili, zimembeba mtu nusu ya safari yake. Siku nilipoichora ile ramani kwa kalamu, mishale huku na huku, nilikaa naiangalia mpaka chai ikapoa. Anachouza manamba ni kwamba anaijua lugha ya kocha, kila kocha ana majina yake ya mipango, maneno mengi kama shairi, na mtu alieyakariri miaka sita iliyopita anaweza kuingia Jumatano akacheza Jumapili.

Hata hivyo lugha haitoshi. Pale Washington Disemba 2018 alikuwa hawajui wenzake hata kwa majina, ikaripotiwa alitumia Madden, ule mchezo wa video wa NFL, kujifunza nani ni nani. Tarehe 16 Disemba wakaenda Jacksonville wakashinda 16 kwa 13, na ule ulikuwa ushindi wake wa kwanza akiwa ameanza mechi kama kwotabeki, miaka kumi baada ya drafti. Kumi. Kwenye daftari langu ile siku haikuingia moja kwa moja maana nilimjua baadae, niliinakili kwa nyuma, na niliacha nusu ukurasa mtupu kuizunguka.

Ukimfuata mtu wa hivi ujiandae na siku za upande mwingine pia. Tarehe 29 Januari 2023, nusu fainali ya kwenda Super Bowl, ile fainali ya ligi, 49ers na Eagles kule Philadelphia, Brock Purdy kwotabeki wa 49ers kaumia kiwiko mapema, Johnson aliekuwa akiba yake kaingia. Miaka kumi na tano anaitafuta mechi ya ukubwa ule. Robo ya tatu akagongwa kichwa kikagonga chini, akatolewa kwa mtikisiko wa ubongo, Purdy akarudi uwanjani mkono hauwezi hata kurusha, Eagles wakashinda 31 kwa 7. Watu wengi wanaikumbuka kama siku 49ers walipoishiwa makwotabeki. Anaemfuata mtu anaikumbuka tofauti. Wewe andika tu tarehe, timu, 53.

Kuna wanaoniambia bora nimfuate Ryan Fitzpatrick, yule kwotabeki wa Harvard, aliechukuliwa wa 250 kwenye drafti ya 2005, aliekuja kuanza mechi akiwa na timu tisa tofauti. Namheshimu sana, msome. Ila yule popote alipoenda aliishia kucheza, kipande chake kimejaa alama, kwa mtu anaeanza kujifunza hatokufundisha kusoma mapengo.

Na mapengo yatakuja. Mtu wako ataachwa Oktoba na wiki tano hutoona jina lake popote. Hapa watu wanakata tamaa wanahamia kwa mwingine. Usihame. Fanya hivi: angalia kwanza aliachwaje, kama kulikuwa na malipo ya kuachana kwasababu ya jeraha basi yuko nyumbani anajiuguza na hawezi kurudi timu ile haraka. Kama hakuna jeraha, rudi kwenye ukurasa wa makocha, angalia kocha gani ameumiziwa mtu wa nafasi ile. Soma taarifa za usajili kila Jumanne na Jumatano usiku, sehemu ya chini kabisa ambako wanaandika waliojaribiwa bila kusajiliwa, jina likitokea hapo ujue mtu bado anapanda ndege na viatu vyake. Pitisha mwezi wa tatu ambapo mwaka mpya wa ligi unaanza, pitisha na kambi ya kiangazi. Akikosa kambi mbili mfululizo, hapo ndio ufunge, na ukifunga piga mstari mmoja, andika tarehe, usiandike maneno.

Daftari langu la sasa lina watu wanne. Wa tatu ni beki, hakuchukuliwa kwenye drafti, ana mechi mbili msimu ule wa pensheni na nafasi ya ile ya tatu imekaa wazi tangu Novemba. Jumanne ya mchujo ntakuwa barazani kwetu kuanzia saa nne na nusu, penseli imechongwa, mgosi ukiwa na daftari lako njoo tukae.